Programu ya Bei ya Mtamba

Kabla ya kuniambia kilichomfanya anipigie simu, Mama Kwamboka aliniuliza habari za asubuhi, habari za kazi, habari za goti langu lililonisumbua mwaka jana, kama mvua imefika Nyanchwa, kama watoto wamerudi shuleni, na kama yule jirani yangu mwenye mbwa mkali amehama au bado yupo. Nilijibu moja baada ya jingine, nami nikamuuliza yangu. Dakika tatu zilikuwa zimekwisha aliposema, "Sasa, tata, mwanangu, Ijumaa ijayo ndiyo siku yangu ya mwisho pale kwenye redio. Wananipikia chakula cha mchana cha kuniaga. Uje. Na uje na yule ng'ombe wako." Mteja aliyesimama mbele ya meza yangu alisikia neno ng'ombe, akacheka, akauliza kama siku hizi ninauza na mifugo. Nikamwonyesha laptopu kuukuu juu ya rafu, kona yake moja imefungwa utepe mweusi, nikamwambia, "Ng'ombe ndiye huyo." Alidhani ninatania.

Leo nina karakana ya vyumba vitatu na jina langu limeandikwa mlangoni kwa rangi isiyofifia. Kuanzia Kisii mjini mpaka Nyansiongo, ukimwona mlinzi wa shule, wa hospitali au wa shamba la chai ameshika redio ya kuongelea, kuna uwezekano mkubwa kwamba redio hiyo imepita mikononi mwangu. Sisemi hivi ili nisifiwe. Nasema kwa sababu ni kweli, na kwa sababu wapo walioniambia usoni kwamba kazi hii haifanyiki nje ya Nairobi. Kilichowanyamazisha ni mwaka mmoja tu, na katika mwaka huo nusura niwape haki.

Mwaka ule nilikuwa na miaka ishirini na minane. Nilikuwa nimerudi kutoka Mombasa baada ya miaka tisa, nikiwa na vitu vitatu vya maana: diploma ya mawasiliano niliyoisomea jioni baada ya zamu za ulinzi, laptopu iliyokwisha kutumiwa na mtu mwingine, na akiba ambayo sikumwambia mtu kiasi chake. Diploma ile hakunilipia mtu. Nilianza kama mlinzi wa lango la ghala la mizigo, nikishika redio kutwa nzima bila kujua ndani yake mna nini, na nilipoondoka mimi ndiye niliyekuwa nikizifungua na kuzipanga redio za kampuni nzima. Wakubwa walitaka nibaki. Niliwaambia kwamba kwetu kuna viwanda vya chai, hospitali na shule zenye redio, na kila zinapotaka kubadilishwa masafa hupelekwa Nairobi kama mgonjwa aliyeshindikana. Nilisema, nitakwenda niwe hospitali yao.

Hospitali yenyewe ilikuwa chumba kimoja cha kupanga Nyanchwa, chini kidogo ya kilima, mlango ukitazama njia ya boda boda. Kilikuwa na dirisha moja, sakafu ya simenti iliyopasuka katikati, na ukuta wenye alama ya moshi wa jiko la mpangaji aliyenitangulia. Jambo la kwanza nililofanya, kabla hata ya kununua kitanda, lilikuwa kupigilia msumari na kutundika diploma yangu. Kisha nilinunua meza ndefu ya mbao. Juu yake nilifanya kazi, na chini yake nililikunja godoro langu kila asubuhi. Alasiri sauti za kwaya zilishuka kutoka kanisani, wakirudia mstari mmoja mara kumi mpaka nikaujua kuliko wao. Nje ya mlango walikaa wanawake wawili wauza ndizi mbivu, na kwa kuwa waliamini mtu wa Mombasa amesahau Kikisii, walinijadili bila kushusha sauti.

"Ana kompyuta lakini hana kitanda," alisema mmoja.

"Na pale ukutani ametundika nini? Picha ya mchumba?"

"Cheti."

"Basi atalalia cheti."

Nilitoka nikanunua ndizi nne, nikawalipa, nikawasalimia asubuhi njema kwa Kikisii kisicho na doa, "Bwakire buya, na asanteni kwa kunihesabia vyombo." Walicheka mpaka mmoja akashika nguzo ya kibanda. Tangu siku hiyo nilipewa ndizi ya nyongeza kila niliponunua, na mteja aliyepotea alielekezwa kwangu: ingia pale, kwa yule wa cheti.

Lazima nieleze kidogo kazi yenyewe, maana hata leo wengi hudhani ninatengeneza spika. Redio ya kuongelea, ile yenye kitufe cha kubonyeza ubavuni, haina akili yake yenyewe. Haijui iongee kwenye masafa gani wala inyamaze lini mpaka uifunge kwenye kompyuta kwa kebo maalumu na uiambie. Kinachoiambia ni programu, na programu hiyo haiuzwi dukani kama sabuni. Kila mtengenezaji ana yake, na redio za huyu hazisikii programu ya yule. Unanunua leseni kwa wakala Nairobi, leseni inafungwa kwenye kompyuta moja tu, na kompyuta hiyo ikifa unaanza kubembeleza upya. Bei ya leseni pamoja na kebo yake ilizidi bei ya laptopu yangu. Niliipima kwa namna ya kwetu: ilikuwa bei ya mtamba mwenye mimba. Mtamba mwenyewe nilikuwa nimemwona kwa macho yangu, Nyansiongo, kwa mkulima mmoja wa maziwa. Alikuwa mweusi mwenye baka jeupe kwenye paji la uso, amebakiza miezi mitatu azae, na mimi na mwenye ng'ombe tulikuwa tumekubaliana. Mtu akirudi kwetu kutoka mbali, watu hungoja waone atashusha nini, na ng'ombe ni jibu linaloeleweka hata na mtoto. Leseni ni tarakimu kwenye karatasi.

Rafiki yangu wa kwanza mjini, Ochieng, alikuwa na jibu rahisi zaidi. Alitengeneza simu katika kibanda karibu na soko. Alitoka upande wa ziwa, na mikono yake ilikuwa myepesi kuliko yangu, nakiri, ijapokuwa darasa la ufundi hakulikanyaga. Mchana tulikula pamoja kwenye hoteli moja ya mabati, obokima, ule ugali wetu wa wimbi, na chinsaga iliyolala usiku kucha kwenye maziwa, na kila siku alilalamika kwamba mboga ile inalilia samaki. Siku hiyo hakulalamika. Aliweka flashi ndogo katikati ya sahani zetu.

"Programu ni ile ile," alisema. "Imevunjwa kufuli. Bure."

"Imevunjwa na nani?"

"Nitajuaje? Mtu mwema."

"Na ikiua redio ya mtu?"

"Omera, ndugu yangu, diploma yako ni ya uoga. Nunua ng'ombe, tunywe maziwa. Redio tutazipanga na hii."

Nilitembea na flashi ile mfukoni siku mbili. Sitajifanya kwamba haikunivuta. Lakini Mombasa nilikuwa nimeona sanduku zima la redio likizimika baada ya kuandikwa na nakala ya namna hiyo, na nilimwona fundi aliyeziandika akitoka langoni na mfuko wake bila mtu wa kumuaga. Mtu aliyetundika cheti ukutani hawezi kumtegemea mtu mwema asiyejulikana. Nilimrudishia Ochieng flashi yake, nikatuma pesa Nairobi, nikampigia simu mkulima wa Nyansiongo nikamwambia atafute mnunuzi mwingine. Ochieng alihakikisha mji mzima unajua. "Makori hakununua ng'ombe," aliwaambia watu. "Amemwingiza kwenye laptopu." Kwa miezi mingi watu waliponikuta njiani waliniuliza kama amekamuliwa.

Maziwa ya kwanza nilikwenda kuyatafuta mwenyewe, kwenye kiwanda kimoja cha chai upande wa Gesima. Kilikuwa na redio kumi na nne, kumi na tatu kwenye malori yanayokusanya majani vituoni, na moja ya kituo kikuu. Kiwanda kilikuwa kimepewa masafa mapya na redio zote zilihitaji kupangwa upya, na mafundi wa Nairobi walitaka wakae nazo wiki mbili, katika msimu ambao majani yalikuwa yakifurika. Meneja alikuwa mtu wa Murang'a, mpole, wa maneno machache. Nilimwambia nitazipanga zote kwa siku moja, palepale, bila redio hata moja kutoka langoni. Aliangalia viatu vyangu, kisha begi la laptopu, kisha viatu tena.

"Nakupa mwezi mmoja," alisema. "Zikifanya kazi vizuri mwezi huo, kazi zote za redio hapa ni zako. Zikinisumbua, zinaenda Nairobi, na wewe hurudi hapa."

Sikuwa na mteja mwingine wa maana. Mtamba alikuwa amekwisha kwenda kwa mtu mwingine. Nikasema sawa.

Chumba cha redio kilikuwa juu ya ukumbi wa kupimia majani, na harufu ya majani yanayonyauka ilipanda kupitia mbao za sakafu, tamu na nzito, ikakaa kwenye nguo. Kulikuwa na dirisha linalotazama uwanja wa malori, daftari kubwa la taarifa, chupa ya chai, na kipaza sauti kilichovikwa kitambaa cha kufumwa kwa uzi kama mtoto aliyeandaliwa kwenda kanisani. Mwenye chumba alikuwa Mama Kwamboka, wakati huo hajafika miaka arobaini na mitano, Msabato, sauti yake nene na ya taratibu. Aliniuliza nimeamkaje. Nikasema, "Salama, mama, redio kuu iko wapi?"

Akasema, "Redio haitoroki, tata. Nimekuuliza umeamkaje."

Nilimjibu kwa haraka, nikafungua laptopu. Ningemsikiliza asubuhi ile, ningejiokolea mengi. Lakini nilikuwa na haraka ya mtu anayetaka kuonekana, na nilifanya kazi vizuri sana, nasema bila haya. Nilisoma kila redio kabla ya kuiandika, nikahifadhi faili lake, nikaweka masafa mapya, nikaandika, nikajaribu. Madereva walisimama nyuma yangu wakitazama mstari wa kijani ukijaa kwenye kioo. Saa kumi alasiri nilikuwa nimemaliza zote kumi na nne, na meneja akanipa mkono.

Kati ya mambo niliyoyaweka kulikuwa na kikomo cha kuongea. Kitufe cha redio huweza kukwama, au dereva akakikalia, na masafa yakazibika kwa wote. Kwa hiyo unaiambia redio: ukishikiliwa kwa muda fulani, lia mlio mfupi, ukate. Mombasa tuliweka sekunde thelathini, na hata hizo zilikuwa nyingi. Mlinzi husema, "Lango la pili, shwari," naye hujibiwa, "Nimekupata, lango la pili," na hapo mazungumzo yamekwisha. Kwa hiyo nikaandika thelathini. Sikuwaza mara mbili.

Wiki mbili mambo yalikwenda vizuri, nami nikaanza kutembea mjini kwa hatua za mtu anayejulikana. Wiki ya tatu, Alhamisi, meneja alinipigia simu. Hakupandisha sauti, na hilo ndilo lililonitisha. Dereva mmoja, Nyakundi, lori lake lilikuwa limeteleza kwenye karavati bondeni, mahali ambapo simu hazishiki mtandao. Alikuwa na redio. Aliita kituo mara tatu. Hakuna lori lililotumwa. Alikaa pale tangu saa nne mpaka saa nane, na majani yakashika joto ndani ya magunia, yakawa mekundu, yakatupwa. Majani ya wakulima wa vituo viwili.

"Redio zako zimeniulia majani," alisema meneja. "Njoo kesho."

Nilipofika Ijumaa asubuhi habari ilikuwa imenitangulia. Uwanjani nilisikia mtu akimwambia mwenzake kwamba yule wa cheti ametumia programu ya mtaani. Meneja mwenyewe aliniuliza, "Programu hii ulinunua, au ulipewa?" Nilitoa risiti nikaiweka mezani mbele yake. Aliisoma yote, akanirudishia. "Vizuri. Lakini risiti hii haijaniambia kosa liko wapi. Niambie kabla ya jioni. La sivyo, Jumatatu zote zinapelekwa Nairobi."

Nilianza na redio ya Nyakundi. Nguvu ya kurusha ilikuwa sawa, antena sawa, betri sawa. Niliisoma kwa kebo nikalinganisha na faili langu, na kila kitu kilikuwa kama nilivyokiandika. Redio iliyoharibika hutengenezwa. Hii ilikuwa nzima. Nikapanda chumba cha redio nikakaa kwenye kiti cha pembeni kusikiliza. Ilipofika saa sita Mama Kwamboka alifungua bakuli lake la chakula, akanikatia nusu ya ndizi za kupika na maharagwe bila kuniuliza kama nina njaa. Nilikuwa na kijiko mdomoni dereva mmoja alipoita kwenye redio.

"Mama Kwamboka! Bwakire buya, au niseme umeshindaje. Watoto hawajambo? Yule wa kidato cha tatu alipona ile malaria? Na ng'ombe aliyekataa kula? Huku mvua ya jana imetuosha, hata kwa shemeji yako maji yaliingia mpaka jikoni, lakini watu ni wazima, ila sasa hapa kituoni..."

Mlio mfupi. Kimya.

"Amekatika," nikasema.

"Siku hizi wanakatika hivyo," alisema Mama Kwamboka akimimina chai. "Nikadhani ndio ustaarabu wa mashine mpya." Akabonyeza kitufe. "Mbuya mono, vizuri sana, Nyamweya. Nimekusikia. Mungu akubariki."

Niliweka kijiko chini. Nikamwomba daftari. Kwenye ukurasa wa Alhamisi, kwa mwandiko wake mzuri wa mviringo, kulikuwa na mistari mitatu. Saa nne na robo: Nyakundi anasalimu, ni mzima. Saa tano na nusu: Nyakundi anasalimu, ni mzima. Saa saba: Nyakundi anasalimu tena, anauliza ng'ombe.

Nilishuka ngazi mbili mbili. Nyakundi alikuwa uwanjani akikwangua matope kwenye tairi. Nilimuuliza alisema nini kwenye redio jana.

"Nilimsalimia Mama. Kisha nikamwambia lori limelala kwenye karavati, alete lingine tuhamishe majani."

"Hukusikia mlio?"

"Mlio gani? Injini inawaka, mvua inapiga bodi."

"Na yeye akajibu nini?"

"Alijibu amenisikia, Mungu anibariki. Nikajua lori liko njiani, nikangoja."

"Mara ya pili na ya tatu ulianza tena na salamu?"

Alinitazama kama mtu aliyeulizwa kama huvaa suruali. "Saa nzima ilikuwa imepita, fundi. Nimwite mama wa watu kama namwita mbwa?"

Nilirudi juu na saa yangu ya mkono, nikapima kila dereva aliyeita. Mwenye salamu fupi kuliko wote alitumia sekunde thelathini na nne kabla ya kufikia jambo lake. Nyakundi, aliyepiga kutoka uwanjani kwa ombi langu, alitumia arobaini na moja. Siku za kawaida haikudhuru, kwa sababu lori lenyewe lilifika na habari yake. Siku ambayo lori halikufika ndiyo iliyonifichua. Miaka tisa nilipanga redio za watu wasiojuana, na nilipofika kwetu nikazipanga hizi kana kwamba sisi pia hatujuani. Mimi, niliyezaliwa katika salamu hizo, ndiye niliyezikata.

Ningeweza kusema ni antena. Meneja hakujua Kikisii wala redio, angeniamini, ningebadilisha antena na kikomo kimyakimya, na jina langu lingebaki safi. Niliifikiria njia hiyo tangu mlango wa chumba cha redio hadi mlango wa ofisi. Lakini Mama Kwamboka alikuwa amenifuata na daftari lake kifuani, na alikuwa na uso wa mtu anayeamini kwamba majani yale aliyaua yeye. Nikamwambia meneja, "Redio hazina kosa. Mama hana kosa, wala Nyakundi. Kosa ni langu." Nikamweleza sekunde thelathini, nikamtafsiria salamu za Nyamweya neno kwa neno, mpaka jikoni kwa shemeji.

Meneja alivuta karatasi nyeupe akaanza kuandika kwa herufi kubwa. Ilikuwa tangazo la kupiga marufuku salamu kwenye redio.

"Bwana meneja," alisema Mama Kwamboka, "ukibandika hiyo, tafuta mtu mwingine wa kukaa pale."

"Mama, salamu zimenitupia majani."

"Salamu zilikatwa. Zisingekatwa ungepata majani yako. Dereva akiniuliza habari za ng'ombe, najua ametulia. Akiniita jina tu na kunyamaza, najua amegonga kitu. Mwaka juzi mmoja alinisalimu nusu, nikatuma watu kabla hajaomba, wakamkuta anatetemeka na homa juu ya usukani. Salamu ndiyo taarifa yangu ya kwanza. Unataka niisikie ya pili bila ya kwanza?"

Kalamu ilisimama. Meneja akanigeukia. "Kubadilisha hicho kikomo kunachukua muda gani?"

"Dakika sita kwa redio moja."

"Na Nairobi?"

"Wiki mbili. Na watakuwekea thelathini."

Hapo nadhani ndipo nilipomwona akicheka kwa mara ya kwanza. Akasema nianze. Lakini ilikuwa Ijumaa, na Mama Kwamboka pamoja na nusu ya madereva walikuwa Wasabato. Jua likizama Sabato ingeanza, hakuna kati yao ambaye angegusa redio, na meneja alikuwa amenipa mpaka jioni. Mama alikaa kwenye kipaza sauti akawaita madereva warudi mmoja mmoja, nami nikashusha meza chini ya dirisha la ukumbi wa kupimia, nikafunga kebo. Soma, hifadhi, badilisha, andika. Sekunde tisini. Kila redio iliyomaliza, dereva alisimama uwanjani akamsalimia Mama salamu kamili, ya kutoka moyoni, huku mimi nikishika saa. Malori yalikuja kwa kupishana, mengine na matope mpaka kwenye vioo. Mwanga ulikuwa umeanza kuwa wa dhahabu juu ya mashamba ya chai, na Mama Kwamboka alikuwa amekwisha kufunga chupa yake kwenye kikapu, lori la mwisho lilipoingia. Lilikuwa la Nyakundi. Alimuuliza watoto, ng'ombe, paa, na mguu wa mama mkwe, akasema lori ni zima na limeingia, akamtakia Sabato njema, akaachia kitufe mwenyewe. Hakikulia kitu. Mama Kwamboka akafunika kipaza sauti kwa kitambaa, na jua likazama kama lililokuwa likimngoja.

Mwezi ulipokwisha nilipewa kazi zote za redio za kiwanda kile, na ninazo mpaka leo. Kabla ya Krismasi Ochieng aliingia karakanani na mfuko wa plastiki, ndani yake redio sita za walinzi wa hoteli moja, zote zimezimika baada ya kuguswa na flashi ya mtu mwema. Aliweka mfuko mezani akasimama akiitazama diploma. "Omera," alisema, "ng'ombe wako anaweza kunyonyesha na hawa?" Tano nilizifufua. Sikumlipisha, ila nilimfanya anunue samaki. Mwaka uliofuata nilinunua mtamba, na baadaye wa pili, lakini hakuna hata mmoja wao aliyenizalia kama yule wa kwenye laptopu.

Ijumaa iliyopita nilifika Gesima mapema. Chumba ni kile kile, na harufu ni ile ile. Kitambaa cha kufumwa kimebadilishwa, cha sasa ni cha bluu. Nilisoma redio kuu, nikahifadhi faili, nikashuka mpaka kwenye mstari wa kikomo. Mwisho kabisa wa orodha kuna chaguo ambalo sijawahi kumwekea mteja yeyote: bila kikomo. Nikalichagua, nikaandika, nikafungua kebo, nikamwambia Mama Kwamboka, "Leo haikukati." Alivaa miwani, akabonyeza kitufe, na taa nyekundu ikawaka. Aliwataja madereva wote waliokuwa barabarani, mmoja baada ya mwingine, akimuuliza kila mmoja mambo ya kwake, nyumba iliyokuwa ikijengwa, mtoto aliyeingia chuo, ndama. Nyakundi, mstaafu sasa, alisimama mlangoni na fimbo yake, naye akatajwa ingawa hana redio. Dakika kumi na tisa. Chakula kilipoa chini na hakuna aliyekwenda. Mwishoni alisema, "Nimewasikia wote. Mungu awabariki," akaachia kitufe.

Dereva wa kwanza kujibu alianza na umeshindaje, akapita kwa wajukuu, akafika kwenye mahindi, na zile redio za malori bado zina sekunde tisini. Zilipotimu, mlio ukalia, akakatwa katikati ya neno. Chumba kizima kiliangua kicheko, Mama Kwamboka akafuta macho chini ya miwani. Sekunde mbili baadaye dereva alibonyeza tena, akaendelea pale pale kwenye mahindi.

Nilingoja mpaka wa mwisho akamaliza. Kisha nikafunga kebo, nikarudisha kikomo kwa ajili ya karani mpya, binti kutoka Kisumu ambaye bado anajifunza kuuliza habari za ng'ombe. Lakini kwanza nilihifadhi faili la redio ile kama lilivyokuwa mchana huo, nikalipa jina la Mama Kwamboka. Liko kwenye laptopu kuukuu, yenye leseni niliyoilipia mwenyewe, na leseni hiyo haijawahi kuisha.